Kufinyanga kichwa cha mtu: mwongozo kamili, kutoka udongo wa kinamasi hadi sanamu ya saruji

Mtu anayetaka kujifunza uchongaji hapa Kampala ningempa kazi hii kwanza: kichwa cha mtu, ukubwa wake wa kweli, kifinyangwe kwa udongo kisha kimiminwe kwa saruji. Asianze na twiga wa kuwauzia watalii. Kichwa kitamfundisha kutazama, kupima, kujenga, kutengeneza kalibu (ganda tupu la kumiminia) na kumimina, yote katika kazi moja. Vifaa vyake vinapatikana hapa hapa mjini. Halafu, mtu uliyemfinyanga yupo. Atakuja asimame mbele ya kazi, na watoto wake watasema ni yeye au si yeye.

Nchi hii imefinyanga nyuso tangu kale. Mwaka 1929, watu waliokuwa wakisawazisha ardhi katika kilima cha Luzira, kwenye eneo la gereza, walifukua vipande vya sanamu ya udongo uliochomwa, na miongoni mwake kilikuwamo kichwa cha mtu. Leo kipo British Museum, London. Baadaye Margaret Trowell alianza kufundisha sanaa Makerere katika miaka ya 1930, na mwanafunzi wake Gregory Maloba, mzaliwa wa Kenya, ndiye aliyechonga Mnara wa Uhuru wa mwaka 1962 unaosimama katikati ya Kampala. Kabla hujagusa udongo, nenda pale na uuzunguke ule mnara polepole. Usiishie mbele. Tazama mwili wa anayenyanyua na mikono ya mtoto iliyoinuliwa juu, na uone jinsi ukingo wake dhidi ya anga unavyobadilika kila unapopiga hatua.

Jambo ninaloliamini kuliko yote katika kazi hii ni hili: ufanano wa mtu haukai machoni wala midomoni. Unakaa katika fuvu, na fuvu huonekana katika mistari ya pembezoni, ukilizunguka. Hatua zote zinazofuata zimepangwa kwa kuiheshimu kweli hiyo.

Mahali pa kazi

Studio yetu iko upande wa Makindye, chini ya mabati. Tunaofanya kazi humo tumetoka Bunia, Kisumu, Arua na Masaka, na Kiswahili ndicho kinachotukutanisha, ingawa udongo tunauita bbumba kama wanavyouita wanaotuuzia. Huhitaji jengo kubwa. Unahitaji nafasi ya kurudi nyuma hatua nne au tano, sakafu isiyoharibika kwa maji, na mwanga unaotoka upande mmoja.

Mwanga ndio wa kuhangaikia zaidi. Taa ya dari inayomulika kutoka juu moja kwa moja hufanya kila uso ufanane, na mwanga wa kutoka mbele hufuta vivuli vinavyokuonyesha umbo. Mwanga mzuri hutoka dirishani, juu kidogo ya kichwa, ubavuni. Kama studio haina dirisha la hivyo, ondoa bati moja upande wa kaskazini uweke lile la plastiki linalopitisha mwanga, kisha uzibe mengine.

Kitu cha pili ni stendi inayozunguka. Usinunue ya kutoka nje. Nenda Katwe na habu (kitovu) ya gurudumu la gari yenye beringi zake, umwombe fundi wa kuchomelea akuwekee miguu mitatu ya chuma chini na bamba juu. Urefu wake uwe wa kukuwezesha kuweka macho ya sanamu sawa na macho yako ukiwa umesimama. Stendi isiyozunguka itakufanya ubaki mbele ya uso, na hapo ndipo kazi nyingi huharibika.

Udongo

Udongo wa Kajjansi, kwenye barabara ya Entebbe, ni maarufu kwa vigae na matofali, na kwa kazi yetu unafaa. Unaopatikana kando ya vinamasi vya Mukono na kwingineko unafaa pia. Jaribio ni rahisi: vingirisha kipande kiwe kamba ya unene wa kidole, kisha ukizungushe kwenye kidole chako. Kikipasuka sana, kina mchanga mwingi au kimekosa maji. Kikijikunja bila kulalamika, chukua.

Udongo mbichi una mizizi na vijiwe. Ukaushe kabisa juani, uponde, kisha uutumbukize katika ndoo ya maji. Ukiwa mkavu kabisa hulainika wenyewe usiku mmoja; ukiwa nusu mbichi utabaki na mabonge kwa siku kadhaa. Koroga, chuja kwa wavu wa dirisha, acha utuame, mwaga maji ya juu. Tandaza ule uji mzito juu ya matofali yaliyofunikwa kitambaa cha pamba hadi uache kunata mikononi, kisha ukande vizuri kuondoa hewa. Andaa kilo 20. Uhifadhi ndani ya kaveera (mifuko ya plastiki) mbili, na kitambaa kibichi juu yake.

Udongo huu hautachomwa. Tutautumia kupata umbo, kisha utarudi ndooni kwa kazi nyingine. Anayetaka kuchoma kichwa tanuruni afuate njia tofauti: hakuna kiunzi cha chuma ndani, kuta ziwe na unene wa sentimita 1 hadi 2 kila mahali, ukaushaji uwe wa polepole sana, na akumbuke kwamba udongo husinyaa kwa takriban asilimia 10, kwa hiyo kichwa kitatoka kidogo kuliko cha mwenyewe.

Kiunzi

Chukua plaiwudi nene ya sentimita 40 kwa 40 na upigilie mbao mbili chini yake ili isijikunje na ili vidole viingie wakati wa kuinyanyua. Katikati funga bomba la maji la nusu inchi, lisimame sentimita 35 hivi. Juu ya bomba funga vitanzi viwili vya waya mnene vinavyokatana utosini, vyenye upana mdogo kuliko fuvu kwa sentimita 3 au 4 kila upande. Ndani ya vitanzi jaza magazeti yaliyofungwa kwa kaveera, ili usibebe udongo usio na kazi. Kisha tundika vijiti viwili vilivyofungwa msalaba kwa waya wa kufungia nondo, vining'inie ndani ya eneo la uso na kidevu. Udongo ni mzito na hushuka. Vijiti hivyo ndivyo vitakavyozuia uso usiteleze chini usiku wa tatu, wakati kazi imeanza kupendeza.

Paka bomba na waya vanishi au rangi ya mafuta, maana kutu hutia doa udongo wote. Angalia jambo moja kabla ya kuendelea: shingo ya binadamu haisimami wima. Inatoka mabegani ikielekea mbele. Pinda vitanzi mbele kidogo tangu sasa, vinginevyo utapigana na bomba hadi mwisho.

Mtu wa kukaa

Mchague mtu mwenye mifupa inayoonekana. Wazee ni walimu wazuri wa kazi hii, kwa sababu ngozi yao imekaa karibu na fuvu na kila mkunjo una sababu yake. Nenda kwake, usimtumie ujumbe wa simu. Mwambie, "Mzee, shikamoo. Ninaomba nikufinyange," na umweleze itachukua muda gani, kichwa kitakwenda wapi, na utampa nini. Kama ni hajati, yaani mama wa Kiislamu aliyehiji, muulize mapema kama atakaa akiwa amejitanda, na kama picha zake zinaweza kuonwa na watu wengine. Usije ukayauliza hayo kazi ikiwa imekwisha.

Mkalishe kwenye kiti chenye mgongo, macho yake sawa na yako. Dakika 20, kisha apumzike, anywe chai. Weka alama za chaki sakafuni kwenye miguu ya kiti. Usimnyamazishe. Mtu anayezungumza huonyesha namna taya lake linavyotembea na upande upi wa mdomo unaotangulia, na uso ulioganda kwa kukaa kimya hutoka kwenye udongo ukiwa umeganda vilevile.

Siku ya kwanza usifinyange. Chora. Mchore mbele, ubavu wa kulia, wa kushoto, kisogo, na robo zilizo katikati. Piga picha kwa simu kutoka pembe nane, lakini simama umbali wa mita 3 na uvute picha; ukisogea karibu, simu hukuza pua na kurudisha masikio nyuma, na picha ya namna hiyo itakudanganya kazi nzima.

Kisha pima. Kalipa, kifaa cha kupimia upana, unaweza kuitengeneza kwa vipande viwili vya mbao vilivyopinda, vilivyoshikwa kwa bolti moja na kipepeo chake. Vipimo vya kuandika ukutani: kidevu hadi utosi (watu wazima wengi huwa kati ya sentimita 21 na 25), upana wa kichwa juu ya masikio, upana wa mifupa ya mashavu, upana wa taya, na tundu la sikio hadi ncha ya pua, hadi kidevu, hadi paji la uso, hadi kisogo. Tundu la sikio ndilo kituo chako. Vipimo vikitoka hapo, hupotei.

Kufinyanga

Hapa ndipo utakapokaa muda mrefu kuliko kwingine, na nataka ukae.

Funika kiunzi kwa mabonge ya udongo yaliyobanwa kwa nguvu, ukianzia kwenye shingo. Piga kwa kipande cha ubao ili udongo ushikamane. Jenga yai la fuvu kwanza, likiwa dogo kuliko kipimo kwa sentimita moja kila upande. Kuongeza ni rahisi, na kunakuacha na uso hai; kukwangua kile kilichozidi huacha uso mfu. Ongeza kwa vidonge vidogo vya udongo, ukibana kila kimoja mahali pake kwa kidole gumba. Usipake wala kulainisha. Vidonge vikionekana ni vizuri, kwa sababu vinashika mwanga na vinakuonyesha umbo linakoelekea.

Sasa zungusha stendi mpaka ubavu wa kulia uwe mbele yako, umgeuze na mzee aonekane hivyo hivyo. Tazama mstari mmoja tu: unaoanzia kwenye mtulinga, unapanda shingo, kidevu, mdomo, pua, paji, utosi, kisogo, hadi mgongoni. Usijali kilicho ndani ya mstari huo. Urekebishe kwenye udongo, kisha zungusha kwa kiasi cha upana wa mkono na ufanye tena, na tena, hadi umezunguka kote. Ukimaliza mzunguko, ule mstari wa kwanza utakuwa umeharibika kidogo. Anza mzunguko mwingine. Mizunguko hii ndiyo kazi yenyewe. Kichwa kitaanza kufanana na mzee kabla hakijapata macho, na wewe mwenyewe utashangaa.

Katika mizunguko hiyo kumbuka mambo ambayo karibu kila anayeanza huyakosa. Macho yapo nusu ya urefu wa kichwa, kati ya utosi na kidevu. Mikono ya mwanafunzi huyapandisha juu kwa sababu uso unamvutia na utosi haumvutii. Kichwa kwa ubavu kina kina kinachokaribia urefu wake, kwa hiyo kisogo kinahitaji udongo mwingi kuliko unavyodhani. Sikio huanza nyuma ya nusu ya kichwa, likilala kidogo kuelekea nyuma, na kwa wengi urefu wake unalingana na umbali wa kutoka nyusi hadi chini ya pua.

Fuvu likisimama, weka vituo vya mifupa: ukingo wa nyusi, mifupa ya mashavu, pembe za taya, kidevu, mapanja. Hivi ndivyo visivyobadilika mtu akicheka au akilala. Chimba matundu ya macho kwa kina cha kutosha. Jicho ni mpira unaokaa ndani ya tundu, na mtu anayebandika jicho juu ya uso atalifinyanga milele bila kulipata. Weka mpira wa udongo, kisha kope mbili kama vipande vya udongo vyenye unene, maana kope ina ukingo. Kope ya juu hutoka mbele kuliko ya chini. Mdomo pia umejengwa juu ya kitu: meno yamepangwa kwa upinde, kwa hiyo jenga kwanza kifua cha meno kinachochomoza, ndipo uweke midomo juu yake. Pembe za mdomo ziko nyuma sana kuliko katikati. Liangalie hilo kutoka juu, ukisimama kwenye kiti.

Mboni ni uamuzi, na wachongaji hawakubaliani. Ukiacha mpira mtupu, uso hutulia na kuonekana wa mbali. Ukichimba shimo na kuacha kidonge kidogo cha udongo juu yake kushika mwanga, jicho hutazama. Mimi huamua kulingana na sanamu itakakosimama. Nje, chini ya jua letu la saa sita, nyusi hutupa kivuli kizito machoni mchana kutwa, na shimo la ziada humfanya mzee aonekane amekasirika. Ndani ya nyumba, chimba.

Nywele usizihesabu. Nywele fupi zilizokunjamana ni umbo moja lenye ukingo wake kwenye paji na mapanja. Finyanga umbo hilo, kisha uligonge kwa kipande cha msumeno au sifongo kigumu hadi lipate ukavu tofauti na ngozi. Rasta na mistari ya kusuka zifuate fuvu chini yake.

Masikio yaje mwisho, na yaheshimu. Watu hawayatazami, lakini familia itajua. Ndewe ya mzee mmoja imeshikana na shavu, ya mwingine inaning'inia.

Usiku, puliza maji kidogo, funika kwa kitambaa chepesi kibichi kisichogusa pua, kisha kaveera. Desemba hadi Februari na Juni hadi Julai udongo hukauka haraka, kwa hiyo puliza hata mchana; katika mvua za Machi hadi Mei hatari ni kuulowesha hadi ulegee. Pua na masikio hukauka kwanza. Yafunge kwa vipande vyao vya kaveera.

Utajuaje kwamba kazi imefika? Tazama kichwa kwenye kioo, au piga picha uigeuze juu chini. Jicho lililozoea haliyaoni makosa. Picha iliyogeuzwa huyaonyesha mara moja, hasa jicho moja likiwa juu ya lingine. Lakini kuwa mwangalifu, nyuso za kweli pia hazilingani pande mbili. Kasoro inayomfanya mzee awe mzee, iache. Kisha mweke mzee kando ya kazi, urudi hatua tano, ufumbe macho nusu. Ukiona unahangaika na vinyweleo wakati taya bado linakusumbua, rudi kwenye taya. Na ukiona kila unachogusa sasa kinapoozesha sehemu iliyokuwa hai, ondoa mikono.

Kalibu ya jasi

Tutatumia kalibu ya kuvunjwa, inayotoa nakala moja. Ni nafuu na inashika kila alama ya kidole.

Nunua jasi laini ambayo maduka ya ujenzi huiuza kwa jina la POP, kilo 12 hivi, na ijaribu kwanza kwa kijiko kimoja ndani ya kikombe. Ikikaa nusu saa bila kushika, imevuta unyevu, rudisha.

Kata makopo ya soda yawe vipande vya upana wa sentimita 3 na uvichomeke sentimita moja ndani ya udongo, vikigusana, kwenye mstari unaopanda shingo, unapita nyuma ya masikio, juu ya utosi, na kushuka upande wa pili. Vipinde viwili vitatu kwa umbo la V ili nusu mbili zije zikutane mahali pamoja. Mbele kuna uso na masikio, nyuma kuna kisogo.

Mimina jasi ndani ya maji, si maji ndani ya jasi. Nyunyiza kwa mkono polepole hadi vilima vikavu vibaki juu ya maji. Ni takriban kilo 1.3 hadi 1.4 kwa lita moja. Subiri dakika moja, koroga kwa mkono chini chini bila kuingiza hewa. Maji ya mchanganyiko wa kwanza yatie bluu ya kufulia. Tabaka hili la bluu, la milimita 4 au 5, rushia kwa vidole usoni kwa nguvu ndogo, huku ukipuliza kwa mdomo ili lijaze puani na kwenye kope. Likishika, paka uji mwepesi wa udongo hapa na pale, kisha weka tabaka jeupe la sentimita 2 hadi 3, lililotiwa katani. Acha kingo za vipande vya kopo zionekane.

Jasi hupata joto inaposhika. Kamwe usizike mkono wala uso wa mtu ndani ya jasi nene, kwani inaweza kuunguza ngozi vibaya. Na usiimwage kwenye sinki au mtaro; ioshe ndani ya ndoo, iache itulie, utupe bonge.

Baada ya saa chache, mwaga maji kwenye mstari na upenyeze kabari za mbao taratibu. Nyuma itatoka kwanza. Toa udongo kwa mikono, ng'oa kiunzi, osha ndani kwa brashi laini. Sasa unatazama uso wa mzee ukiwa umebonyea ndani, na kwa namna ya ajabu utaonekana ukikugeukia kila unaposogea.

Saruji

Chukua sabuni ya kipande: ikune, iyeyushe kwa maji ya moto, ipake ndani ya kalibu mara kadhaa hadi jasi iache kuinywa, futa povu, kisha mafuta ya kupikia, tabaka jembamba sana. Lowesha kalibu kwa maji kutoka nje, vinginevyo jasi itafyonza maji ya saruji na uso utabomoka.

Saruji ya Tororo au ya Hima, yoyote, mradi mfuko haujashika mabonge. Kipimo: saruji 1, mchanga 2, mchanga uliochekechwa kwa wavu laini. Mchanga mwingi wa ziwani unaouzwa Kampala hutoka Lwera, kwenye barabara ya Masaka, na uchimbaji pale umekula ardhi oevu kwa kiasi cha kuhuzunisha. Kichwa kinahitaji ndoo moja tu. Omba masalio kwenye jengo linalojengwa mtaani kwako, na ikiwa mchanga una chumvi au matope, uoshe.

Tabaka la kwanza liwe zito kama odii (siagi ya karanga na ufuta), ulibane kwa brashi ngumu kwenye kila pembe, milimita 5. Kabla halijakauka, ongeza tabaka la pili lenye vipande vya waya wa kuku hadi ufike sentimita 2 au zaidi kidogo. Kingo za nusu mbili ziteremke ndani kidogo. Paka uji mzito wa saruji kwenye kingo, kutanisha nusu hizo, zifunge kwa waya na katani iliyochovywa kwenye jasi, kisha ingiza mkono kupitia shingoni ubane saruji kwenye kiungo chote kwa ndani. Hapo hapo shingoni simamisha nondo ya milimita 12 yenye miguu iliyopinda, itakayoshika sanamu kwenye kitako chake.

Vaa glavu na barakoa. Saruji mbichi hula ngozi polepole bila maumivu ya mwanzoni, na vumbi lake hudhuru mapafu.

Funika kwa magunia mabichi na kaveera, na umwagie maji kila siku. Siku 7 ni za chini kabisa, 14 ni bora. Saruji huendelea kukomaa hadi siku 28 na zaidi, na mtu anayeikausha juani ili aione haraka atapata nyufa.

Kuvunja

Patasi butu na nyundo ya mbao. Anzia utosini, usianzie puani. Elekeza patasi wima dhidi ya uso wa sanamu, kamwe usiilaze, na uvunje vipande vidogo. Jasi nyeupe itaruka kirahisi mahali ulipopaka uji wa udongo. Ukiona bluu, punguza nguvu: umebakiwa na milimita chache tu kabla ya ngozi ya mzee. Karibu na pua, kope na masikio tumia kijiti na mswaki. Usifanye kazi hii umechoka wala jioni.

Viputo vya hewa vijaze kwa mchanganyiko ule ule. Mstari wa kiungo upunguze kwa tupa, lakini usifute alama za vidole karibu nao.

Rangi na kitako

Saruji tupu ni ya kijivu baridi. Subiri ikauke kabisa, ondoa kwa brashi unga mweupe wa chokaa unaojitokeza, kisha weka rangi nyembamba za udongo, nyekundu na nyeusi, zilizochanganywa na maji na gundi kidogo. Paka, futa, paka tena, ibaki mashimoni. Malizia na nta ya nyuki iliyoyeyushwa ndani ya tapentaini mbali na moto, na usugue kwa kitambaa. Epuka rangi ya dhahabu ya kopo. Inaficha umbo ulilolihangaikia.

Kitako kiwe kizito na cha kawaida. Ndeeba utapata vipande vya mbao vya kutosha. Ukitaka mvule, muulize muuzaji karatasi za mamlaka ya misitu, NFA, maana miti hiyo inapungua na mingi hukatwa kinyume cha sheria. Mbao za fenesi na musizi hufanya kazi vizuri.

Nyenzo nyingine

Ukiwa na mteja mwenye fedha, udongo ule ule unaweza kuishia kwenye shaba. Hapo umbo hugeuzwa kuwa nta yenye ukuta wa milimita 4 au 5, hufunikwa kwa mchanganyiko unaostahimili moto, nta huyeyushwa itoke, na shaba ya zaidi ya nyuzi 1,000 humiminwa mahali pake. Chini ya milima ya Rwenzori kuna karakana ya shaba inayofanya kazi hii kwa ustadi.

Nyenzo nayo inasema. Francis Nnaggenda alipochonga sanamu ya majeruhi wa vita, iliyowekwa katika maktaba kuu ya Makerere, alitumia mti, na mwili wa mti uliokatika ukawa mwili wa mtu aliyekatika. Lilian Nabulime alipotaka kuzungumzia Ukimwi, alichukua sabuni, kitu kinachosafisha na kinachoyeyuka mikononi mwa watu. Kwa hiyo jiulize kwa nini mzee wako awe wa saruji. Kama alikuwa mwashi, jibu liko wazi. Kama alikuwa mvuvi wa Ggaba, pengine fikiria tena.

Makubaliano

Andikeni karatasi kabla ya kuanza, hata kama ni jirani. Nusu ya malipo mwanzoni, robo udongo ukikubaliwa, robo siku ya kukabidhi. Familia ije ione kichwa kikiwa bado udongo, kwani baada ya kalibu hakuna marekebisho ya maana. Waambie hivyo waziwazi na wasaini. Wakisema "mfanye awe kijana kidogo", zungumza nao, leta picha za zamani, lakini usipige pasi uso wa mtu hadi ubaki bila historia. Wakitaka nakala mbili au tatu, wakwambie mapema, kwa sababu kalibu ya kuvunjwa hutoa moja tu na itabidi utumie kalibu ya mpira, ambayo bei yake ni nyingine kabisa.

Andika jina lako na mwaka nyuma ya shingo, kwenye udongo, kabla hujachomeka makopo. Kichwa kikikamilika kitakuwa na kilo 10 hadi 15, na hakisafiri kwa boda. Kodi gari, kilaze kwa kisogo juu ya godoro, ubane shingo kwa mito, na dereva aende polepole kwenye matuta.